Umeombwa kuchora kitabu cha watoto? Soma hii kabla hujashika penseli

Juzi usiku nimepata meseji ya dada mmoja, sitamtaja, ameandika ndefu kweli kweli ila kiini chake ni hiki: "Dada shikamoo, nafuatilia sana kazi zako. Nimepewa kazi ya kuchora kitabu cha watoto, yaani jana sikulala kwa furaha. Wamesema mkataba utakuja baadaye, nianze tu kuchora maana muda umebana. Nianzie wapi?"

Nikaisoma mara tatu. Nikaweka simu kifudifudi mezani, nikainuka nikazunguka chumba kama mtu aliyepoteza funguo. Maana hiyo "anza tu, mkataba utakuja" naijua. Niliwahi kuambiwa maneno hayo hayo karibu neno kwa neno, na mimi pia sikulala kwa furaha, na nilichokuja kuvuna ndo nataka niwasimulie leo, kwa sababu nikimjibu yeye peke yake inboksi kesho atakuja mwingine na swali hilo hilo.

Najua nyie mnaosoma hapa mnataka nilichokuwa nakitaka mimi. Mnataka siku moja mtoto msiyemjua alale na kitabu chenu kifuani, kurasa zimechakaa, moja imeliwa kona. Hakuna haja ya kuzunguka, wote tuko hapa kwa ajili hiyo. Haya.

Mimi nilianza kama wengi wenu, nachora pembezoni mwa madaftari, nagombezwa, naendelea. Miaka mingi hapo katikati haina hadithi, naruka. Kuna mtu aliona michoro yangu mtandaoni akaniandikia imeili kwamba wana hadithi fupi ya msichana na bata, wanatafuta mchoraji. Hadithi yenyewe ilikuwa na maneno kama 400 hivi. Nikaiprinti, nikaisoma kwa sauti, nikacheka, nikalia kidogo (mi ni mtu wa machozi), alafu usiku huo huo nikaanza.

Na hapo ndo kosa lilipozaliwa. Sikuchora skechi, sikukunja karatasi, sikuhesabu chochote. Nilikuwa na pedi ya karatasi nzuri nzito za rangi za maji niliyokuwa naitunza kwa siku maalumu, nikaona siku maalumu si ndo hii, nikaifungua, nikaanza na picha ya kwanza kwenda mbele kama mtu anayefyeka njia. Picha ya kwanza msichana dirishani. Picha ya pili bata mlangoni. Ya tatu mvua. Ile ya mvua nilikaa nayo siku 9, nisidanganye, siku 9 nachora tone moja moja, kila tone na mwanga wake kwa ndani. Mama yangu akapita akaangalia akasema "hiyo mvua haikatiki?"

Nilipomaliza nilikuwa na picha 17. Nikazituma kwa kujivuna kabisa. Jibu likaja: hadithi inaingia kwenye kurasa pacha 14 tu, tatu zitoke. Na mmojawapo wa watolewaji, kama ulivyohisi, ilikuwa mvua.

Sasa sikiliza hii vizuri kwa sababu hakuna aliyenieleza. Kitabu cha picha kwa kawaida kina kurasa 32. Sio kwamba kuna mtu aliota hiyo namba, ni mambo ya karatasi na mashine. Kiwandani wanachapa karatasi kubwa, kurasa 8 upande mmoja na 8 upande wa pili, ikikunjwa na kukatwa inakuwa kurasa 16, za hivyo mbili ni 32. Ndo maana vitabu hivi utakuta vina kurasa 24 au 32 au 40, yaani kwa mafungu ya 8, mara chache sana utakuta 35. Alafu kwenye hizo 32 toa ukurasa wa jina la kitabu, toa wa hakimiliki, toa wa tabaruku kama upo, unabaki na kurasa pacha 12 mpaka 14 za kusimulia. Nikisema kurasa pacha namaanisha zile mbili zinazotazamana ukikifungua kitabu. Ukurasa wa 1 unakaa kulia peke yake, pacha zinaanzia 2 na 3, na wa 32 unabaki kushoto peke yake.

Kwa hiyo siku hizi mimi kabla ya kitu chochote natengeneza dami, yaani kitabu cha majaribio. Nachukua karatasi 8 za kawaida kabisa, zile za kuprintia, nazipanga, nazikunja kwa pamoja katikati, napiga pini mbili mgongoni. Tayari nina kitabu cha kurasa 32 mkononi, kibaya kibaya, na kwenye hicho nachora vitu vya ajabu ajabu kwa penseli, vichwa mviringo na mikono vijiti, naandika maneno ya hadithi mahali pake. Alafu nakisoma kwa kufunua kama mtoto. Dakika 20 tu za kukunja karatasi na kufunua zingeniokolea siku 9 za mvua. Sijui kama mnanielewa. Siku 9.

Kufunua ndo siri yenyewe. Kwenye kitabu cha picha ukurasa ni mlango. Kama bata amejificha na maneno yanasema "alikuwa wapi?" basi jibu lisikae upande wa kulia wa ukurasa huo huo, mtoto ataliona kabla mzazi hajamaliza kusoma swali, liweke baada ya kufunua. Hiyo huwezi kuijua ukiwa unaangalia picha moja moja kwenye tableti, utaijua ukiwa na kikaratasi mkononi.

Narudi kwenye mateso yangu. Pamoja na kukatwa picha tatu, mhariri akaniuliza swali la upole sana: "Huyu msichana ana miaka mingapi?" Nikamjibu sita. Akasema sawa, ila ukurasa wa 4 anaonekana ana minne na ukurasa wa 28 anakaribia kuolewa. Nikazitandaza picha zote sakafuni nikasimama juu ya kiti kuangalia. Alikuwa anasema kweli! Shingo ilikuwa inarefuka kila baada ya picha mbili tatu, viatu vilianza na mkanda mmoja vikaishia na miwili, na kuna mahali amepoteza kishikizo cha gauni kikarudi chenyewe bila maelezo. Nilimchora kila siku kwa miezi, na mkono wangu ukawa unamsogeza kidogo kidogo bila mimi kujua, kama saa inayochelewa.

Dawa yake ni karatasi moja ya mhusika. Unamchora amesimama mbele, ubavuni, kwa nyuma, amekaa, anakimbia, anacheka, amenuna, unaandika urefu wake ni vichwa vingapi (wangu wa siku hizi huwa vinne, mtoto mdogo kichwa chake ni kikubwa), unaweka rangi zake, unaibandika ukutani na unaiangalia kila asubuhi kabla ya kushika brashi. Na wahusika wengine nao hivyo hivyo. Hata bata. Hasa bata.

Maana bata ndo aliyeniaibisha. Kwenye ile hadithi kuna mahali pamoja, kilele kabisa, msichana ana huzuni na bata anamkonyeza. Ni sentensi moja: bata akakonyeza. Nikachora bata mkubwa, kajaza kurasa zote mbili, kichwa chake katikati kabisa, nimemchora jicho moja limefumba na jingine lina kicheko ndani yake. Ile picha nilikuwa nailala nayo. Kitabu kilipochapwa nikapokea nakala zangu, nikafungua boksi kwa kisu cha jikoni, nikaenda moja kwa moja ukurasa wa 24 na 25, na jicho la bata halikuwepo. Limeingia kwenye mkunjo wa katikati. Ukivunja kitabu mgongo unaliona kidogo, nusu yake, kama mtu anayechungulia kwenye ufa. Kwa hiyo watoto wote walionunua kile kitabu wamesomewa kwamba bata alikonyeza na wanachoona ni mdomo na mashavu mawili.

Sikuchora kitu cha maana katikati ya kurasa pacha tena maisha yangu yote. Uso, kidole kinachoonyesha kitu, herufi, chochote chenye kazi, kisogeze pembeni. Na pembeni nako usisogeze mpaka ukingoni, maana kisu cha kiwandani hakikati sawa kila nakala, ndo maana wanataka picha izidi ukubwa wa ukurasa kwa milimita 3 kila upande ili ikikatwa usibaki mstari mweupe. Mambo ya wingi wa nukta za picha, zile 300 kwa inchi, na kadhalika utayasoma popote, siyarudii.

Ila rangi lazima niseme. Bata wangu alikuwa na shingo ya kijani cha kung'aa. Nilimpaka kwa rangi za maji, nikaskani, nikaona kapoa, nikampandisha kwenye kompyuta mpaka shingo ikawa inawaka kama taa ya barabarani, nikaridhika. Skrini inatengeneza rangi kwa mwanga, mashine inatengeneza kwa wino wa aina nne, samawati na majenta na njano na nyeusi, na kuna kijani na machungwa na bluu kadhaa ambazo mwanga unaziweza na wino hauziwezi, ndo ilivyo, hata uombe. Na karatasi isiyo na mng'ao inakunywa wino, rangi zinazama zaidi. Kijani changu kilitoka kama maji ya bwawa lililosahaulika. Siku hizi naweka faili kwenye mfumo wa rangi za uchapaji mapema na naomba sampuli ya rangi iliyochapwa kabla ya kusaini. Omba sampuli. Wakisema hakuna muda, omba tena.

Basi hayo ni makosa ya mkono, na makosa ya mkono yanasameheka. Kila mtu ana chake. Maurice Sendak mwenyewe, yule Mmarekani, kitabu chake maarufu cha 1963, Where the Wild Things Are, kilianza kama hadithi ya farasi, akagundua farasi hawamtii kwenye karatasi, akawaacha akachora madubwana, na mwaka uliofuata akapewa medali ya Caldecott, ile ya Marekani ya mchoraji wa kitabu cha picha. Kwa hiyo wewe unayeniandikia kila wiki kwamba mikono inakushinda, tulia, mfiche mhusika mikono mfukoni na uendelee kujifunza taratibu.

Kosa ambalo bado linaniuma ni la kichwani. Nilidhani kazi yangu ni kupamba. Nilidhani mwandishi ameleta nyumba na mimi naleta mapazia. Na ukijiona fundi wa mapazia watu watakulipa kama fundi wa mapazia na watakusahau kama wanavyomsahau fundi wa mapazia.

Kilichonifumbua macho ni konokono. Kwenye kitabu kile, katikati ya uchovu, nilimchora konokono mdogo chini kabisa ya ukurasa wa 4, kwenye kona ya kushoto, basi tu nilikuwa nimechoka nataka kitu kidogo cha kuchekea. Kurasa pacha zilizofuata nikamsogeza kidogo kulia. Zilizofuata tena nikamsogeza. Ikawa mchezo wangu wa siri, yaani msichana na bata wana mambo yao makubwa huko juu, mvua sijui, machozi, na yeye konokono chini anakwenda zake, haharakishi, hageuki. Ukurasa wa 32 peke yake, maneno yameshaisha, anafika kwenye jani lake. Hakuna neno hata moja kwenye hadithi linalomtaja. Mwandishi alipitia picha zote, mhariri alizipitia, hakuna aliyemuona.

Kitabu kilipotoka kukawa na siku ya kusomea watoto kwenye shule moja. Nilialikwa kwa ujumbe wa mstari mmoja. Nikavaa vizuri, nikafika mapema, na mlangoni mama mmoja mwenye orodha akaniuliza "wewe ndo wa kamera?" Nikamwambia hapana mi ndo mchoraji. Akaangalia orodha, akaangalia jalada la kitabu lililobandikwa ukutani, kubwa kweli, jina la mwandishi juu, jina la mchapishaji chini, akaniangalia mimi. Nikafuata macho yake kwenye jalada. Ndo nikagundua rasmi kwamba jina langu halipo. Najua mtasema we si ulishazipokea nakala zako? Nilizipokea, nikakimbilia kwa bata, sikuangalia jalada, nilidhani jalada nalijua kwa sababu nilichora mimi! Jina langu lilikuwa ndani, ukurasa wa hakimiliki, mstari wa saba, kwa herufi za saizi ile ya maelekezo ya dawa.

Nikakaa nyuma, kwenye kiti cha mtoto, magoti yamenifika kifuani. Mwandishi akasoma, anasoma vizuri, simlaumu, ni mtu mwema na kwenye mkataba wake hakukuwa na jambo lolote baya. Akamaliza. Mwalimu akasema sasa maswali, mikono ikapanda, akachagua mtoto mmoja wa mbele, mdogo, meno mawili hayapo. Mtoto akasimama akauliza: "Yule konokono alikuwa anaenda wapi?"

Mwandishi akasema, konokono yupi?

Darasa zima likalipuka. Yule! Yule wa chini! Huyo hapo! Wakamvamia, wanamfunulia kurasa, wanamuonyesha kwa vidole, huyu hapa, na hapa, na hapa kapanda jiwe. Mtu mzima na miwani yake anamuona konokono kwa mara ya kwanza kwenye kitabu chake mwenyewe. Na mimi kule nyuma magoti kifuani, nacheka na kulia kwa wakati mmoja, na hakuna aliyejua kwa nini mtu wa kamera analia.

Watu wazima wanasoma maneno. Watoto ambao hawajajua kusoma wanasoma picha, na wanasoma kwa makini kuliko sisi, wanasoma mpaka kona. Kwa hiyo kwenye kitabu cha picha kuna wasimulizi wawili, mmoja wa sikio na mmoja wa jicho, na wewe ndo wa jicho. Usichore kile ambacho sentensi imeshasema. Sentensi ikisema msichana alifungua mlango, sawa tumeshasikia, tuonyeshe mbwa amelalia nini nyuma ya huo mlango. Hii sio hekima yangu, kuna Mwingereza Randolph Caldecott alikuwa anafanya hivyo tangu 1878, anachukua mashairi ya watoto yenye mistari michache, anaweka kwenye picha hadithi nzima ambayo haimo kwenye maneno, na ndo maana wakutubi wa Marekani walipoanza kutoa medali ya mchoraji wa kitabu cha picha mwaka 1938 waliipa jina lake. Na sikiliza hii, yule bwana alikubali mrabaha, kwamba vitabu vikiuzwa naye analipwa, visipouzwa basi. Alijihesabu ni mwenye kitabu, sio kibarua.

Mimi je? Mkataba wangu ulikuja picha zote zikiwa zimeshakamilika na kutumwa. Kurasa mbili. Nikasaini kwa simu, kwa kidole, nimesimama kwenye foleni. Malipo ya mkupuo mara moja, haki zote kwao, milele, popote, kwa namna yoyote iliyopo au itakayobuniwa. Jina kwenye jalada halikutajwa. Nakala zangu tano. Michoro ya asili ilibaki kwao pia, nasikia mvua yangu ya siku 9 iko kwenye fremu ofisini kwa mtu.

Wapendwa, nikisema hivi sio kwa uchungu. Sawa, ni kwa uchungu. Lakini pia ni ukweli kwamba mkataba unaokuja baada ya kazi sio mkataba, ni risiti. Ukishatuma picha huna tena cha kuzungumzia, wanazo. Ndugu yangu uliyeniandikia, weka penseli chini. Waandikie leo leo, kwa adabu, kwamba umefurahi sana na utaanza siku mkataba utakapofika. Mwenye nia njema atautuma, muda ukibana kweli ataharakisha. Asiyekuwa nayo utamjua wiki hiyo hiyo.

Ukifika uusome ukiwa umekaa. Angalia kama unatoa kibali cha kutumia picha kwa kitabu hicho tu au unauza hakimiliki yenyewe, ni vitu viwili tofauti kama kupangisha nyumba na kuiuza. Michoro ni mali yako tangu dakika ulipoichora, Mkataba wa Berne wa 1886 ndo unasema hivyo na nchi nyingi mno zimeusaini, huhitaji muhuri wa mtu, na ulinzi unadumu maisha yako yote na angalau miaka 50 baada ya kufa kwako. Sasa mtu anataka umpe hayo yote kwa sentensi moja, muulize kwa bei gani. Angalia mrabaha, kwenye vitabu vya picha wachapishaji wengi huugawa kati ya mwandishi na mchoraji nusu kwa nusu, na ukipewa malipo ya awali ujue hayo ni mrabaha wako umetangulizwa, hutaona kingine mpaka kitabu kimeyarudisha. Angalia marekebisho ni mangapi. Mimi sasa naandika kabisa: kwenye skechi rekebisha utakavyo, baada ya rangi kila badiliko lina bei yake, maana niliwahi kuambiwa "hivi bata asingekuwa mbuzi?" nikiwa nimeshapaka rangi kurasa 30. Angalia michoro ya asili inarudi kwa nani.

Na jina. Jina kwenye jalada, liandikwe kwenye mkataba, kwa maneno hayo, jalada la mbele. Usione aibu. Huku sio kujikweza. Ile tuzo ya Hans Christian Andersen, mojawapo ya tuzo kubwa kabisa duniani kwa vitabu vya watoto, ilianza kutolewa kwa waandishi 1956, sisi wachoraji tukakumbukwa 1966. Miaka kumi mizima! Na Uingereza huko kwa wenzetu, mchoraji Sarah McIntyre ilibidi aanzishe kampeni nzima, Pictures Mean Business, kudai tu kwamba wachoraji watajwe, kwenye majalada, kwenye orodha, kwenye habari za magazeti. Kwa hiyo shida sio yako peke yako, lakini mwenye kusaini ni wewe peke yako.

Mengine ya haraka. Pumzisha mkono, mi kifundo cha mkono wa kulia kilivimba mwaka wa pili nikachora wiki tatu kwa kushoto na zinaonekana. Msiniulize tena natumia programu gani, haijalishi. Na wale mnaoniuliza kama akili mnemba itatumaliza, sijui niwajibu nini, ninachoweza kusema ni kwamba mimi konokono sikuagizwa na mtu.

Nilikuwa nimeshamaliza kuandika hapa nikakumbuka sijawaambia kilichonifanya niamke na mada hii hata kabla ya meseji ya yule dada. Mwezi uliopita mchapishaji wangu wa kile kitabu cha kwanza ameniandikia. Nakala zimeisha, wanachapa upya! Yaani kitabu kimeuzika, watoto wamekipenda, na kwa mkataba wangu wa kidole hainihusu hata senti, ila walihitaji mafaili ya ndani yapangwe upya. Nikaomba vitu viwili. Jina langu jaladani, na bata asogezwe.

Jibu likaja baada ya siku nne. Jalada wamesema halitaguswa, limeshazoeleka sokoni. Bata wamekubali.

Nimemsogeza sentimita tatu kushoto. Nimemchora kichwa upya kabisa, na kijani cha shingo nimekishusha mwenyewe mpaka pale wino unapoweza, na jicho linaonekana vizuri ukurasa wa 24, mbali na mkunjo, linakonyeza mpaka raha. Na kwa kuwa mafaili ya ndani yalikuwa mikononi mwangu wikiendi nzima, mtoto yeyote mwenye macho makali akifika ukurasa wa 32 amwangalie konokono kwenye gamba, pale mistari inapozunguka. Kuna herufi mbili. Sijamwambia mtu, nyie ndo wa kwanza.